Benchi la Burnsville

Wiki nzima simu yangu haikupoa. Wasomaji mmemhukumu Anselm bila hata kumfikisha kortini. Mama mmoja wa Nakuru ameniandikia kwamba mwanamume anayemtupa mama mkwe wake dukani kama paka anastahili mawe, na kama Marekani hakuna mawe, yeye yuko tayari kuyatuma. Ahsante, mama. Yaweke chini kwanza. Hujasikia yote.

Tulimwacha Anselm darasani, katika chuo kimoja cha Saint Paul, simu ikitetemeka mezani. Somo la siku hiyo lilikuwa sheria za maskini za Uingereza ya zamani, na alikuwa amefika pale ambapo sauti yake hushuka kila mwaka.

"Kila parokia ilitakiwa na sheria kuwalisha maskini wake," alisema. "Kwa hiyo kila parokia ikajifunza kusema, huyu si wetu. Mgonjwa akipakiwa kwenye mkokoteni, akipelekwa mpakani. Mjamzito akiharakishwa avuke kabla uchungu haujamshika, mtoto asije akazaliwa upande huu akawa mzigo wao. Na wale wa upande wa pili wakimpakia tena, wakimrudisha."

Mwanafunzi mmoja akasema hayo yalikuwa Uingereza. Anselm akamjibu kwamba sheria hizo zilipanda meli na wenyewe, na kwamba hata kaunti za Minnesota hii zilikuwa na mashamba ya kuwahifadhi maskini, na zilibishana zamani hizo mzee fulani ni wa nani.

"Na mtu akifia njiani?" mwanafunzi akauliza.

Anselm akanyoosha mkono mezani. Aliipokea simu.

"Shem, uko na Mathe?" Ilikuwa sauti ya Eric, ndugu mdogo wa mkewe.

"Mama? Si unaye wewe."

"Niko naye wapi? Mimi niko Maple Grove tangu asubuhi. Nilim-text Pamela siji leo, kuna mtu wa state hapa ana-inspect nyumba. Mathe yuko wapi?"

"Nimemshusha Burnsville. Palepale siku zote."

"Umem-drop na nani?"

"Na wewe!" Anselm akapaza sauti, na wanafunzi wakainua vichwa. "Aliniambia amekuona!"

Kisha Eric akasema polepole, "Anselm. Mathe haoni hata sahani bila miwani. Usinichezee."

Kwa wewe uliyelipata gazeti hili leo likiwa limefungia maandazi, nikueleze kwa ufupi. Mama Philister aliletwa Marekani kutoka milima ya Kisii alee wajukuu. Akamlea Natasha, binti wa Pamela na Anselm, kule Lakeville. Akawalea watoto wa Eric. Aliwafunga nepi, akawaimbia, akawapikia ugali wakaukataa, akajifunza kuwapikia makaroni. Watoto wakakua, wakaanza kumjibu kwa Kiingereza. Yeye akazeeka, kibali chake cha kukaa kikaisha muda, na bima ya matibabu hana.

Tangu hapo analala mwezi mmoja kwa Pamela, mwezi mmoja kwa Eric. Ndugu hao wawili hawaingiliani majumbani tangu walipogombana, hayo mliyasoma. Kwa hiyo siku ya kubadilishana mama hukutana katikati, Burnsville, kwenye maduka ya kando ya barabara kuu ya I-35, ndani ya mlango ambapo kuna benchi. Mmoja anamleta, mwingine anamchukua. Safari hii Pamela alikuwa kazini, naye ni nesi, hawezi kutoka anavyotaka. Kazi ikamwangukia mumewe.

Mlichokiona wiki iliyopita ni gari la kijivu likiondoka. Kilichosemwa ndani ya gari hamkukisikia, kwa sababu sikuwaambia.

Anselm akaacha darasa vilevile, vitabu mezani, koti mkononi. Baridi ya Novemba ilimpiga usoni pale kwenye maegesho. Akipapasa funguo kwa mkono mmoja, akapiga simu ya Mama Philister kwa mkono mwingine.

Simu ikaita. Ikaita ndani ya gari lake mwenyewe.

Akafungua mlango wa nyuma. Simu ndogo ya mama mkwe ilikuwa imelala kwenye kiti, ikiwaka na kuimba pambio alilomwekea Natasha. Akanyoosha mkono aichukue, na kiganja chake kikagusa kiti.

Kiti kilikuwa kimelowa.

Akafikiri ni chupa ya maji imemwagika. Akatazama chini ya kiti, hakuona chupa. Akafuta mkono kwenye suruali, akaingia nyuma ya usukani. Wenzangu, kuna mambo mtu huyajua na moyo wake ukakataa kuyapokea. Aliendesha hadi Burnsville akirudia neno moja tu, chupa, chupa.

Benchi lilikuwa tupu.

Pamela, aliyeitwa kwa simu, alifika akiwa na nguo zake za kazi, kitambulisho kikimning'inia shingoni. Hakumsalimu mumewe. Akakaa kwenye benchi, akainuka, akakaa tena.

"Ulimwona Eric kwa macho yako?" akauliza.

"Sikumwona."

"Sasa ukaondokaje?"

"Mama aliniambia yupo. Tulipofika tu pale mlangoni akasema, 'Baba Natasha, gari ya Eric naiona ile pale. Simama hapa, usishuke, enda kazini.' Akashuka mwenyewe. Nikamwona anaingia mlangoni."

"Na ukafurahi kweli kweli."

"Pamela."

"Ukafurahi! Hata hukungoja a minute. Kila mwezi unahesabu siku aondoke, unafikiri sioni?"

Na hapa ndipo siwezi kumtetea Anselm, kwa sababu ni kweli alifurahi. Mama Philister akiwa Lakeville, nyumba nzima hubana. Kwao Kisii haya ya ukwe ina jina lake, chinsoni, na haina mchezo. Mama mkwe hali mbele ya mkwewe, wala hapiti akiwa amejifunga kanga tu. Gari la Anselm likiingia gereji, mama hubeba sahani yake juu chumbani, chakula kikiwa bado mdomoni. Kwenye gari hukaa nyuma ya dereva hasa, macho yao yasije yakakutana kwenye kioo. Kwao Marangu, Anselm angeweza kumpa mama mkwe mkono na kumtania kidogo. Kwa huyu alifundishwa na mkewe kuheshimu, akaheshimu. Wakaishi nyumba moja miaka yote hiyo kama watu wa zamu mbili za kiwanda, huyu akiingia yule anatoka.

Eric akaingia kwa kishindo. Ni mtu mkubwa, mwenye koti zuri, na mwenye nyumba ya kutunzia wazee yenye jina kubwa mlangoni. Akamshika Anselm kola mbele ya watu.

"Uli-drop Mathe wangu hapa kama parcel?"

"Alisema amekuona, shemeji. Nakuapia."

"Uongo! Professor mzima! Kila siku unatuhubiria vile Wazungu wa zamani walikuwa wanatupa wazee mpakani, na wewe ndio umem-dump wetu!"

"Na wewe?" Pamela akamgeukia ndugu yake. "Siku ilikuwa yako. Ulikuwa wapi?"

"Si nimesema nilikuwa na inspector? Na nili-text!"

"Uli-text nikiwa na patient!"

Ndipo mtu akakohoa nyuma yao.

Alikuwa mwanamke mwenye aproni ya buluu na ndoo ya magurudumu, mmoja wa wanaosafisha maduka yale. Aliitwa Kirezi, na Kiswahili chake kilikuwa cha Kongo.

"Pardon," akasema. "Munatafuta ule mama wa kilemba ya kijani?"

Wote watatu wakamgeukia. Eric akaiachia kola.

"Ni nani mukwe wake?" Kirezi akauliza.

"Ni mimi," Anselm akasema.

Kirezi akamtazama kwa huruma, jambo ambalo siku hiyo hakuna mwingine aliyelifanya.

"Basi papa, hawa wasikupigie kelele. Mama alinielezea yote. Hakuona gari ya mutu. Alikudanganya."

"Kwa nini anidanganye?"

Kirezi akawatazama watu waliokuwa wakipita, akashusha sauti. "Mukojo ulimushinda mu gari. Alikunywa ile dawa ya presha asubuhi. Akaona haya kukwambia usimame. Mukwe unamwambia nini, simama nikojoe? Akavumilia, akavumilia, kisha ikatoka. Akasema, nikishuka na mukwe wangu ananiangalia, ni bora nife. Akakufukuza ili usimuone."

Anselm akakitazama kiganja chake. Kilikuwa kimekauka zamani.

"Nilimupeleka ku toilette," Kirezi akaendelea. "Nikakamua sketi yake, nikaiweka kwa ile mashine ya kukaushia mikono, lakini haikukauka. Nikamupa pullover yangu. Nikamwambia, mama, kaa hapa ku benchi, nimalize kazi. Ananiambia, mutoto wangu akikuja atanikuta nimelowa, naye ni mutu mukubwa. Kurudi, mama hayuko. Alitoka inje."

"Nje? Na baridi hii?" Pamela akashika mdomo.

"Alitoka akuwe anaangalia njia. Akateleza pale wanaweka vile vikapu vya magurudumu. Hakuna mutu alimuona mbio, alilala pale ku baridi. Kisha ambulance ikakuja, ikamubeba. Niliuliza wanamupeleka wapi, hawakuniambia."

Pamela akaanza kulia kwa sauti, pale pale kati ya watu na mifuko yao ya manunuzi. Kilio chake kikamgeukia mumewe.

"Miaka yote hii umeishi na mamangu, hukujua anahitaji toilet?"

"Ningemuuliza vipi?" Anselm naye machozi yakamtoka. "Niambie, Pamela, ningemuuliza vipi? Si wewe uliyenifundisha nisimtazame? Niliwasha redio ili ukimya usituumize. Labda alisema kitu, redio ikammeza."

Heshima iliwakataza kutazamana, na mama akateleza kwenye barafu akiwa peke yake.

Pamela alijua namba za hospitali zote za kusini, akazipiga moja baada ya nyingine akiwa kwenye gari la Eric. Anselm alifuata nyuma na lake. Hospitali moja ikasema wana mwanamke mzee Mwafrika, hana kitambulisho, hataki kusema jina.

Kwenye maegesho ya hospitali Eric akawazuia.

"Ngojeni kwanza. Tukiingia, tunasema nini?"

"Tunasema ni mama yetu," Pamela akasema.

"Then? Watauliza alikuwa anaishi wapi, nani ali-leave mzee outside kwa baridi. Hiyo ni neglect, Pam, kumtelekeza mzee. Wana-report. Mimi niko na license ya kutunza wazee, na inspector bado yuko kwa nyumba yangu sasa hivi! Wewe uko na license ya nursing. Sisi wote tunaenda chini."

"Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo tufikirie, tu."

"Hakuna cha kufikiria, shemeji," Anselm akasema. "Tangu enzi ya Malkia Elizabeti wa kwanza sheria ilisema mzazi maskini ni wa watoto wake. Parokia ilikuwa inauliza swali hilo kabla ya kutoa hata mkate. Una watoto? Kama unao, rudi kwao."

"Usiniletee Waingereza wako leo!"

"Nimewaleta kwa sababu maskini walilijua swali hilo, Eric. Wengine walikuwa wanawakana watoto wao ili wapokelewe."

Alilisema kama mwalimu anavyosema jambo la kwenye vitabu. Hakujua yuko hatua chache tu kutoka kulisikia kwa masikio yake.

Ndani, wodi ya dharura ilikuwa imegawanywa kwa mapazia. Mtu wa mapokezi akawaonyesha kwa kidole pazia la mwisho. Wakasogea, na kabla hawajalifungua, wakasikia Kiswahili.

"Mama, mimi naitwa Velma. Kwetu ni Kakamega. Wewe ni wa wapi?"

"Huko huko."

"Jina lako je?"

"Niite Mama tu, inatosha."

Ilikuwa sauti yake. Pamela akashika mkono wa ndugu yake. Walikuwa hawajashikana mikono tangu ule ugomvi mnaoukumbuka.

"Mama, uko na watoto hapa Minnesota?"

"Sina."

"Hata mmoja?"

"Sina."

"Basi mtu wa kanisa? Mtu tunaweza kumpigia?"

"Mwanangu, sikiliza nikueleze," Mama Philister akasema, na sauti yake ilikuwa ya mtu aliyefikiri sana akafurahia alichokipata. "Kuna nyumba ya wazee niliiona. Nzuri sana. Kila mzee ako na kitanda, ako na dirisha lake, na msichana wa kumwosha. Akijikojolea hakuna mtu anasema kitu, wanambadilisha tu. Nikauliza, hawa walipata hii nyumba namna gani? Wakaniambia, shosho, hawa hawana mtu, serikali ndiyo inawalipia. Mwenye watoto hawezi kulala hapo. Sasa wewe andika. Andika sina mtu, nipate kitanda."

Nyumba hiyo, msomaji, ni ya Eric.

Ni pale Mama Philister alipokuwa akilala kila mwezi wake wa Maple Grove, lakini hakulala kwenye kitanda chenye dirisha. Vitanda vile kaunti ilivilipia, na kitanda kinacholaliwa na mama ni kitanda kisicholeta kitu. Yeye aliwekewa godoro huko chini ya nyumba, kando ya mashine ya kufulia, na asubuhi alipanda ngazi kuwasaidia wasichana kukunja mashuka ya wazee wengine. Alijua mashuka yale ni laini namna gani. Ameyakunja sana.

Eric alisimama mbele ya pazia, koti lake zuri likiwa limefungwa vifungo vyote. Niliapa kumchukia mtu huyu tangu sehemu ya kwanza, lakini uso wake wakati ule sikuweza kuuchukia.

Pazia likafunguliwa kutoka ndani. Velma alikuwa nesi, msichana mwenye miwani na sauti ya upole. Nyuma yake alikuwa Mama Philister kitandani, mguu umefungwa bendeji hadi juu, mikono mitupu nje ya lile gauni la hospitali, kichwa kitupu. Kile kilemba cha kijani kilikuwa kimetundikwa kwenye kiti, bado kinadondosha maji ya barafu. Nywele zake nyeupe watoto wake wenyewe hawakuwa wameziona kwa muda mrefu.

"Habari zenu," Velma akasema. "Nyinyi ni watu wa huyu mama?"

Mama Philister akakaza macho, akawatambua. Kwanza macho yake yakaangaza, hakuweza kuyazuia. Kisha akakumbuka alichokuwa ametoka kukisema, akatikisa kichwa kidogo sana, mara moja, akimtazama mwanawe. Alikuwa anampa ruhusa ya kumkana.

Velma aliona kutikisika kule. Akangoja.

Eric akainua macho kwenye namba iliyo juu ya pazia.

"Pole, sista," akasema. "Tumekosea room."

Akageuka. Akamvuta Pamela kwa mkono. Pamela akainua mkono mwingine akafunika kitambulisho chake cha unesi, jina lisisomeke, akavutwa akiwa analia bila sauti. Viatu vyao vikasikika hadi mwisho wa korido.

Mama Philister alisikiliza viatu hivyo mpaka vikaisha. Uongo aliusema mwenyewe, na alitaka waufuate. Lakini nadhani mahali fulani chini ya blanketi lile alikuwa ametumaini mmoja angeukataa. Akaibana midomo yake kwa meno.

"Si wako?" Velma akamuuliza.

"Si wangu."

"Na huyu?"

Anselm alikuwa bado amesimama penye pazia, uso chini. Mama Philister alipotambua kwamba mkwewe yupo, na kwamba yeye yuko na mabega wazi na kichwa kitupu, akatoa sauti ya mnyama aliyekanyagwa. Akavuta shuka, shuka ikagoma kwenye bendeji.

"Mwambie huyo mwanaume atoke!" akalia. "Atoke! Simjui!"

Haya basi. Heshima yenyewe ilimwambia Anselm atoke. Angeweza kutoka kichwa chini, na hakuna mzee hata mmoja wa Kisii ambaye angemlaumu. Angewakuta wenzake kwenye gari, wangerudi nyumbani, na kaunti ingemtafutia mama asiye na mtu kitanda chenye dirisha. Kila parokia ingepumua. Mkokoteni ungekuwa umeshaondoka.

Anselm akavua koti lake.

Akaenda kinyumenyume, mgongo mbele, macho yake yakiwa kwenye korido, mpaka kisigino chake kikagusa kitanda. Akalinyoosha koti nyuma bila kugeuka. Alilishikilia hivyo mpaka aliposikia uzito wake umepungua na kitambaa kinavutwa juu ya mabega.

"Dada," akamwambia Velma. "Andika. Anaitwa Philister. Ana watoto wawili na mkwe mmoja. Wale wawili hawakukosea chumba. Mimi ndiye mkwe. Naitwa Anselm, naishi Lakeville, na huyu ni mama yangu."

Velma hakuandika. Alikuwa amerudi nyuma hatua moja.

"Gari lako ni la kijivu?" akauliza, na upole umemtoka.

"Ndiyo."

"Basi wewe ndio ulimwacha Burnsville. Iko kwa camera ya duka. Polisi wako hapa kwa hiyo kesi." Akapitisha kichwa nje ya pazia. "Officer! He's here!"

Kule mwishoni mwa korido kiti kikasogezwa. Mtu mzito akainuka, redio yake ikikwaruza begani, akaanza kuja.

Anselm hakukimbia. Alihisi kitu kikigusa mkono wake, akageuka kabla hajakumbuka kwamba hapaswi kugeuka. Vidole vya Mama Philister vilikuwa vimemshika kifundo cha mkono. Kwa mara ya kwanza tangu siku ya harusi yake mama mkwe alikuwa anamtazama machoni, na machozi yanashuka hadi kwenye kola ya koti.

"Baba Natasha," akasema, "nilikuwa nimeshawaokoa nyote. Kwa nini umenikubali?"